Aliyeulizwa Mara Moja

Orlin Fosse alimdhulumu binamu yake Ragna Sletten nyumba ya mababu zao. Alimdhulumu mchana, mbele ya watu, katika ukumbi wa chini ya kanisa, na hakutumia nguvu wala ujanja wa karatasi. Alimwuliza swali mara moja, kisha akanyamaza. Watu wote waliokuwapo walisikia, na wote walikuwa wakitafuna.

Mtu wa mbali atauliza, dhuluma iko wapi hapo? Kaulizwa, kajibu, yameisha. Lakini katika bonde la Skogdal, huko Wisconsin, kwa watu ambao mababu zao walitoka Norwe, aliyeulizwa mara moja hajaulizwa. Ukienda kwa jirani akasema karibu kahawa, utamwambia hapana, ahsante, nimekunywa sasa hivi, hata kama tangu asubuhi hujatia kitu kinywani. Atasema, kikombe tu. Utasema, usijisumbue, mimi mpita njia. Atasema mara ya tatu, na hapo ndipo utasema haya basi, nusu; na hiyo nusu itajazwa mpaka ukingoni, na sahani ya keki itaifuata nyuma. Anayekubali mara ya kwanza ni mlafi. Anayeuliza mara moja akaacha, huyo hakutaka kutoa. Hakuna anayefundishwa hayo. Mtoto huyanyonya pamoja na maziwa.

Ragna alizaliwa kwenye shamba la Sletten, akakulia hapo, akazeekea hapo kabla ya wakati wake. Shule aliiacha mapema, mama yake alipopooza, kwa sababu aliyetakiwa kukaa nyumbani alikuwa binti, si Halvor, kaka yake, ijapokuwa huyo Halvor shuleni alikuwa akilala. Ragna alimwosha mama, akamlisha, akamzika. Kisha baba naye akaanza kusahau njia ya kwenda kwenye banda la ng'ombe, na Ragna akaanza upya. Wote wawili walipokwisha, yeye alikuwa mwanamke wa makamo mwenye mikono mikubwa, na Halvor alikuwa kapera wa makamo mwenye ng'ombe wengi na maneno machache. Wakaishi hivyo, kaka na dada, kila mmoja na upande wake wa meza.

Kitu alichokuwa nacho Ragna, ambacho hakupewa na mtu wala hakuachiwa kama mzigo, ni nyumba ya magogo.

Ilikuwa nyuma ya nyumba kubwa, pale kilima kinapoanzia. Gudmund, baba wa babu yake, aliijenga kabla hajamiliki hata ng'ombe mmoja, na mkewe Aslaug alizaa humo watoto ambao baadhi yao wamelala makaburini bila hata jiwe. Waliosalia walipopata nafuu walijenga nyumba ya mbao nyeupe, na ile ya magogo ikawa ya bibi, kisha ya kufulia, kisha ya kuku. Baba yake Ragna alitaka kuichoma moto apate mahali pa kuweka trekta. Ragna, msichana wakati huo, alisimama mlangoni na koleo la kuzolea kinyesi cha kuku.

"Baba, nipe mpaka Krismasi."

"Mpaka Krismasi utakuwa umechoka wewe."

Krismasi ilipofika, sakafu ilikuwa imesuguliwa hadi mbao zikaonyesha rangi yake, na moto ulikuwa ukiwaka mekoni. Mzee aliingia, akatazama kuta, akaketi kwenye benchi alilokalia utotoni. Halafu akasahau adabu zote, akaomba kahawa kabla hajakaribishwa. Habari ya kuchoma haikusikika tena.

Tangu hapo Ragna aliitunza kama mtu anavyomtunza mzee asiyesema. Wakati wa baridi aliwasha moto ili magogo yasinyonye unyevu. Jumamosi alikatakata matawi ya mtarakwa, akayamwaga sakafuni kama bibi yake alivyokuwa akifanya, na nyumba ikanukia mpaka Jumapili jioni. Kabla ya Krismasi alioka humo mikate mikavu, myembamba kama karatasi, akaipanga ghalani, na siku yenyewe alifunga mganda wa shayiri juu ya mti ili ndege nao wale. Mtambo wa kufumia wa Aslaug, uliokuwa umegeuzwa kiota cha kuku, aliusafisha, akaufunga tena nyuzi, akajifunza kwa kukosea. Alifuma blanketi za sufu, na alipofuma hakuwa binti wa mtu wala dada wa mtu. Hakuna aliyeiita kazi hiyo urithi. Waliiita mambo ya Ragna.

Kisha ukakaribia mwaka wa sherehe, miaka mia na hamsini tangu watu wa kwanza waje kutoka Norwe, na bonde zima likakumbuka ghafla kwamba lina mababu. Chama kikaundwa cha kuhifadhi historia. Mwenyekiti akawa Orlin Fosse, mtoto wa Shangazi Petra, muuzaji wa matrekta, kwa sababu ana sauti kubwa na hajui kuogopa kusimama mbele za watu. Kila familia ikatoa kitu chake: masanduku yaliyochorwa maua, vijiko vya mbao, Biblia zenye majina ya waliokufa baharini. Kikakosekana kitu kimoja tu, nyumba ya kuviweka.

Orlin akaja shambani. Ragna alimwona tangu anageuza gari, akajua.

"Binamu," Orlin akasema, amekaa jikoni, kikombe mkononi baada ya kukataa mara mbili. "Ile nyumba yenu ya magogo. Chama kinatafuta nyumba kama ile. Tuihamishie mjini, pembeni ya kanisa, watu waione."

"Kile kibanda cha kuku? Nani ataacha kazi zake aje kuangalia kibanda cha kuku?"

"Mimi ningekuja."

"Wewe ungekuja ukitafuta keki."

Orlin alicheka, akaenda zake. Alirudi siku chache baadaye na keki ya mlozi iliyopikwa na mkewe Marlys. Aliuliza tena. Ragna akasema magogo yamechakaa, yatavunjika njiani. Orlin hakubisha. Alimsifu ng'ombe mmoja wa Halvor, akaondoka. Alirudi Jumapili, kofia ameivua tangu uani.

"Nakuomba mara ya tatu, Ragna. Na unajua siondoki."

Ragna alimtazama Halvor. Halvor alitazama kahawa yake, akasema, "Si yangu. Ni ya Ragna."

"Basi," Ragna akasema, "kama itawafaa watu."

Hivyo ndivyo alivyoulizwa alipokuwa akitakiwa atoe. Kwa ukamilifu, kwa subira, kama walivyouliza wazee. Katika fikra zake ilikuwa wazi kwamba nyumba itakapokwenda naye atakwenda nayo. Kila siku atashuka mjini na pikapu ya Halvor, awashe moto, amwage mtarakwa, awape watoto wa shule mkate mkavu na siagi, awaonyeshe mtambo unavyofanya kazi. Hakulisema hilo. Kwa watu wale, kusema nataka kitu ni kama kutoka nje bila nguo.

Vuli hiyo wanaume wakaja na nyundo, wakachonga alama kwenye kila gogo, wakaibomoa nyumba kwa upole, wakaipakia kwenye malori. Ragna aliwapikia. Jioni walipoondoka, mahali pale palibaki ardhi ya rangi tofauti, yenye umbo la nyumba, na panya waliokuwa hawajui waende wapi. Alisimama hapo mpaka baridi ikamwingia miguuni, na bado hakuwa na huzuni. Alijiona kama mtu aliyetanguliza mizigo yake.

Chakula cha chama kilifanyika kabla ya theluji, baada ya ibada. Meza ndefu, samaki aliyelowekwa magadi, anayetikisika sahanini, siagi iliyoyeyushwa, viazi, chapati za viazi ziitwazo lefse, kahawa iliyochemshwa na yai ndani yake ili iwe safi. Orlin alisimama na kugonga glasi. Akasema nyumba itasimamishwa kabla ya majira ya kuchipua, akawashukuru wenye malori, akawashukuru waliochonga. Kisha akageuka.

"Ragna, nyumba itahitaji mtunzaji. Wewe ungependa?"

Moyo wa Ragna uliruka. Akainamisha macho, akasema kama mtu yeyote mwenye malezi angesema:

"Aa, mimi? Wapo wanaojua kuongea na watu kuliko mimi."

Akangoja. Kila mtu akangoja. Thelma Brudos, jirani yake wa upande wa mto, alikuwa ameinua uma, na uma ule ukabaki hewani.

"Haya, sawa," Orlin akasema. "Bahati nzuri Marlys yuko tayari. Tumpigie Marlys makofi."

Makofi yakapigwa, machache, ya watu wasiojua mikono yao inafanya nini. Thelma akateremsha uma. Mtu akaomba apitishiwe chumvi. Ragna alitabasamu, kwa sababu uso wake haukuwa na kitu kingine cha kufanya, akainuka kwenda jikoni kuosha vyombo ambavyo haikuwa zamu yake kuviosha.

Ndani ya pikapu, wakirudi, walipolipita daraja alimwita kaka yake.

"Halvor."

"Mm."

"Ulimsikia."

"Nilimsikia."

"Mbona hukusema kitu?"

Halvor alibadili gia pasipo haja. "Nilidhani atauliza tena."

"Na alipoacha?"

"Nikadhani Thelma atasema."

"Thelma si kaka yangu."

Halvor alifikiri jambo hilo kwa urefu wa shamba zima la jirani. "Hapana," akakubali. "Thelma si kaka yako."

Msimu ule wa baridi ulimkuta Ragna hana mahali. Asubuhi alivaa buti, akachukua kuni mkononi, akafika nyuma ya nyumba ndipo akakumbuka. Mwanzoni alimkasirikia Orlin. Kisha akajikasirikia mwenyewe, akajiambia kwamba angesema ndiyo, neno dogo tu, angekuwa na ufunguo mfukoni. Lakini kila alipolijaribu lile ndiyo mdomoni, peke yake, jikoni, lilimtia aibu. Alilelewa na wanawake waliokufa na njaa ya vitu wasivyoviomba, na waliokufa wakisifiwa kwa hilo.

Sherehe ya ufunguzi ilipangwa tarehe kumi na saba Mei, siku kuu ya Norwe. Wiki mbili kabla, simu ikalia. Alikuwa katibu wa chama: je, Ragna angeweza kuoka lefse za watu wote? Ragna akasema ana kazi nyingi. Katibu akapiga tena kesho yake. Ragna akasema viazi vya mwaka huu ni vibaya. Siku ya tatu katibu akaja mwenyewe mpaka mlangoni, na Ragna akaoka. Kwa hiyo adabu ile ilikuwa haijafa. Ilikuwa inajua tu mahali pa kwenda kufanyia kazi.

Siku yenyewe bendera zilijaa, bendi ya shule ilipiga, watoto wakaandamana wakila aiskrimu. Nyumba ya magogo ilisimama pembeni ya kanisa, imepakwa mafuta yanayong'aa, nyasi zimekatwa kuizunguka kama nywele za mtoto anayepelekwa kupigwa picha. Ragna alipanga foleni pamoja na wageni. Mlangoni alisimama Marlys, amevaa vazi la Kinorwe lenye vifungo vya fedha, akitabasamu kwa woga. Marlys alikuwa mtu wa Milwaukee, wa asili ya Kijerumani, aliyeletwa bondeni na ndoa, na miaka yote hiyo wanawake wa Skogdal bado walimwita "mke wa Orlin aliyetoka mjini."

Ndani hapakuwa na moto. Meko yalikuwa yamefagiliwa, yamewekwa maua ya karatasi. Kamba nyekundu ilikatiza chumba, na nyuma ya kamba ulikaa mtambo wa kufumia, na juu yake kipande cha kitambaa alichokianza Ragna mwenyewe, kimeachwa nusu kama alivyokiacha. Uzi mmoja ulikuwa umelegea. Mkono wake ukavuka kamba bila kumwomba ruhusa.

"Wifi," Marlys akasema kwa sauti ndogo, "samahani. Hairuhusiwi kugusa."

Wageni waliokuwa nyuma walimtazama Ragna kama atazamwavyo mtu aliyetaka kuiba. Aliuondoa mkono. Aliona kwamba Marlys amekuwa mwekundu mpaka shingoni, na hilo halikumsaidia. Akatoka, akapita pale lefse zake zilipokuwa zikiliwa, akamkuta Halvor amekaa ndani ya pikapu anasubiri, kana kwamba alijua.

Majira ya joto yalipita katika kukausha nyasi za ng'ombe. Na katika majira hayo jambo fulani ndani ya Ragna lilikauka vilevile na kuwa gumu, likaweza kushikwa. Walipokuwa wakibeba maziwa siku moja alimwambia Halvor, "Kwenye chakula cha chama mwaka huu nitaomba niitunze nyumba."

Halvor akaweka ndoo chini. "Kwa mdomo?"

"Kwa mdomo."

"Mbele za watu?"

"Alikoninyima ndiko nitakakoomba."

Halvor akachukua ndoo yake tena. Hakusema usifanye.

Samaki wakapikwa, kahawa ikachemshwa na yai, meza zikapangwa. Orlin alisimama, akasoma idadi ya wageni waliokuja, akauliza kama kuna mwenye neno kabla ya sala ya kufunga. Hakuna aliyewahi kuwa na neno kabla ya sala ya kufunga. Ragna akainuka. Alishika mgongo wa kiti.

"Mimi nataka ufunguo," akasema. "Nataka kuitunza nyumba yetu. Niliitunza tangu ilipokuwa ya kuku, na nataka kuendelea kuitunza."

Wazee wawili walitazama dari. Hata mchungaji, ambaye kazi yake ni kusikia maombi, alijifanya anatafuta miwani.

"Binamu," Orlin akasema, na sauti yake kwa mara ya kwanza ilikuwa ndogo, "lakini mimi si nilikuuliza? Humu humu. Ukakataa."

"Uliniuliza mara moja."

"Sasa, Ragna. Hayo mambo ya kizamani. Sisi Waamerika. Mtu akisema hapana ni hapana."

"Orlin," Thelma Brudos akasema toka mwisho wa meza, "Jumanne ulikuja kwangu kuangalia trekta. Ulikataa pai yangu mara mbili. Umesahau ulichokula baada ya hapo?"

"Thelma, hiyo ni pai."

"Pai nzima."

Watu wakacheka, na kicheko kile kilikuwa na pumzi ya mwaka mzima ndani yake. Ragna hakucheka.

"Ulipoitaka nyumba ulikuja mara tatu," alisema. "Ulivua kofia uani. Kwa hiyo unajua. Mtambo wa kufumia wa Aslaug umeuzungushia kamba usiguswe, na adabu za Aslaug umezitupa zizini. Unahifadhi nini wewe?"

Hapo ndipo Halvor alipoinuka. Watu wa Skogdal wanalisimulia hilo hata sasa, kwa sababu wengi wao walikuwa hawajawahi kuisikia sauti yake ikitoka kwa ajili ya jambo lisilo ng'ombe.

"Nilikuwapo," akasema. "Aliuliza mara moja."

Akaketi. Jasho lilikuwa likimtiririka.

Orlin alizungusha karatasi zake. Akasema kamati italitazama suala hilo. Kamati ile hutazama masuala kama ng'ombe anavyotazama treni: kwa makini, mpaka lipite. Mchungaji akaomba, watu wakavaa makoti, na walipokuwa wakipita karibu na Ragna wengine waligusa bega lake, harakaharaka, kama mtu anayegusa jiko kuona kama bado lina moto.

Haikupita wiki, gari la Orlin likageuka uani, lakini aliyeshuka ni Marlys, peke yake, bila keki. Alibisha hodi mlango wa jikoni.

"Wifi, nimekuleteeni ufunguo. Yaani, nimekuletea wewe." Alikuwa ameushika kwa mikono miwili. "Nimemwuliza Thelma kisa chenyewe ni nini, kwa sababu nyumbani hakuna anayeniambia. Kanicheka kwanza, halafu kanieleza. Kasema lazima nikuulize mara tatu. Sasa sijui, niulize zote leo au niwe nakwenda narudi?"

Ragna alikuwa amejiandaa kwa mengi, si kwa hilo. Aliukwepesha uso ili mwenzake asione.

"Ingia, baridi inaingia," akasema. "Kahawa?"

"Ndiyo, ahsante," Marlys akasema papo hapo, kama walivyo watu wa Milwaukee, akaketi.

Walikunywa. Marlys aliuweka ufunguo mezani, katikati, kwenye kitambaa.

"Mimi sikujua kwamba kulikuwa na swali la pili," akasema. "Kwetu mtu akitaka anasema. Nilifikiri wewe hutaki, nikafikiri nakusaidia. Nilijifunza yale maelezo kwenye kitabu mpaka nikaota usiku. Na wanawake wakawa hawaniangalii. Nikasema, labda nimekosea tarehe."

"Hukukosea tarehe."

"Orlin alijua." Marlys alikizungusha kikombe. "Nimemwuliza jana, akaniambia. Alijua kabisa. Alisema, hawa watu hawajakupokea miaka yote hii, nikaona nikupe kitu chao kikubwa, watakupenda. Akachukua chako akanipa mimi ili nipendwe. Unaona akili za wanaume? Wamenichukia zaidi."

Ragna alimwongezea kahawa. Alikuwa ameibeba dhuluma ile mwaka mzima kama kitu cha chuki, na sasa anaambiwa ilikuwa zawadi ya mume kwa mkewe mpweke. Haikuwa nyepesi zaidi kwa hilo. Ila ilibadilika umbo, na ikabidi aishike upya.

"Wewe hatukukutendea vizuri," akasema mwishowe. "Mimi mmojawapo. Hata jina lako tulikuwa hatulisemi."

"Basi chukua. Chukua, tafadhali. Hiyo ni mara ya ngapi?"

"Wewe mara moja inatosha," Ragna akasema, akaunyoosha mkono, akauchukua ufunguo. Hakuwa amewahi kupokea kitu haraka hivyo maishani.

Siku za kazi, wageni wasipokuwapo, Ragna huteremka mjini na kufungua nyumba ya magogo. Maua ya karatasi ameyatoa mekoni. Kamba nyekundu ameining'iniza msumarini, na huirudisha akiondoka, kwa sababu kamati haijabatilisha kamba. Wakati mwingine Marlys huja, wakaketi pamoja kwenye benchi, na Ragna humwonyesha jinsi ya kurusha uzi. Marlys ana mikono ya polepole na anauliza maswali mengi, na bado anakubali kahawa mara ya kwanza. Uzi uliolegea umekazwa, kitambaa kile kimekwisha, kimeanzishwa kingine.

Lakini ufunguo ule ni wa Marlys, aliokabidhiwa na chama, na Ragna anautumia kama mtu anayepitia mlango wa nyuma wa nyumba aliyozaliwa. Kwenye kibao cha mlangoni jina lililoandikwa si lake. Asubuhi za baridi moshi unapotoka kwenye bomba, Orlin hupita na gari lake akielekea dukani kwake. Anauona. Mji wote unauona. Huwa anageuza macho upande wa kanisa, na kanisani hakuna kitu cha kutazama wakati huo.

Marlys hadaiwi kitu. Alichokuwa nacho amekitoa. Halvor alilipa siku ile, kwa sentensi mbili, na kwa mtu kama yeye hiyo ni bei kubwa. Wale waliokaa mezani na chakula mdomoni wanadaiwa, kila mtu kwa kadiri ya alivyojua, na Thelma ndiye pekee aliyekwisha kupunguza. Lakini kabla yao wote anadaiwa Orlin Fosse, mtoto wa Petra, mwenyekiti. Alianza kuuliza swali katika ukumbi wa chini ya kanisa na hakulimaliza. Anadaiwa kuuliza mara ya pili, na Ragna atakataa. Anadaiwa kuuliza mara ya tatu. Na iwe humo humo ukumbini, mbele ya wale wale, akiwa amesimama.